Jibini halijaharibika, ni nanasi

"Jibini la siku hizi linakuwa chungu haraka." Kauli hii hurudi kila msimu wa kipaimara na sendofu hapa Tabora, na mara nyingi inatoka kwa mtu aliyetumia fedha nzuri. Amenunua jibini lililosafiri kutoka Njombe au Arusha, amelikata vizuri, amelichoma kwenye vijiti pamoja na nanasi saa mbili asubuhi, ameliweka kwenye friji, na saa kumi jioni wageni wanatafuna huku wamekunja uso. Lawama zinakwenda kwa mwenye duka, kwa friji, kwa umeme uliokatika mchana. Nanasi halitajwi.

Jibini hilo halijaoza. Nanasi ambalo halijapita motoni, hata likiwa limeiva likanukia, lina kimeng'enya kinachoitwa bromelaini, na kazi yake ni kukata protini. Ndicho kinachowasha ulimi ukila nanasi jingi, na ndicho kinacholainisha nyama ngumu ukiiloweka kwenye juisi yake. Jibini nalo ni protini ya maziwa iliyogandishwa. Ukivikutanisha, bromelaini inaikata protini hiyo vipande vidogo vidogo, na vipande hivyo ndivyo vyenye ladha chungu. Chukua jibini moja kutoka kwenye kijiti kilicholala na nanasi, ulikate katikati. Upande uliogusa nanasi utaukuta umelegea, unateleza, na ni mchungu. Upande wa pili bado una ladha yake. Jibini bovu haliozi upande mmoja kwa kufuata tunda.

Yanayoumia kwanza ni majibini laini yenye maji mengi: mozzarella, jibini la kupaka, na lile bichi la kutengeneza nyumbani. Haya huanza kubadilika ndani ya saa moja au mbili. Gouda au cheddar iliyokomaa hustahimili zaidi kwa sababu ni kavu na ladha yake ni kali, lakini kuliacha na nanasi tangu asubuhi hadi jioni ni kulionea.

Halafu huja tiba za uongo. Friji haikiui kimeng'enya, inakipunguzia kasi tu. Kugandisha nanasi kwenye friza hakukiui pia. Likiyeyuka kinaendelea na kazi. Kulisugua chumvi kunapunguza ladha ya ukali mdomoni, basi. Sukari ni mbaya kuliko zote: inavuta juisi itoke kwenye nanasi, na juisi hiyo ndiyo inayobeba bromelaini hadi kwenye jibini.

Dawa ni moto. Menya nanasi, ondoa macho yote, kata miduara ya unene wa sentimita moja na uondoe moyo mgumu wa katikati. Pasha kikaangio kikavu, bila mafuta, mpaka tone la maji likiangukia linachemka mara moja. Weka miduara bila kuibananisha, dakika 2 hadi 3 kila upande, mpaka iwe na rangi ya kahawia pembeni na mvuke utoke hadi katikati. Ikiwa unapika kwa jiko la mkaa, subiri mkaa uwe mwekundu wote. Moto dhaifu unalichemsha nanasi katika maji yake, linalegea na halishiki kwenye kijiti. Litandaze kwenye sinia lipoe kabisa, dakika 20 au zaidi, kisha lifute kwa tishu. Ukiliunganisha likiwa vuguvugu, jibini litatoa mafuta na kijiti kitateleza.

Mwenye shaka ajaribu na jeli ya paketi, ile inayotengenezwa kwa jelatini, ambayo nayo ni protini. Ukiitia nanasi bichi haigandi hata ikae frijini usiku kucha. Ukiitia nanasi lililopita motoni, inaganda. Kwa sababu hiyo hiyo nanasi la kopo halina tatizo hili, limeshapikwa kiwandani. Ila ni laini, limejaa sukari, na linahitaji kuchujwa robo saa kabla ya kutumika. Nanasi bichi la sokoni lililopitishwa kikaangoni linalishinda kwa mbali.

Papai lina ndugu wa bromelaini, papaini, na kadiri papai lilivyo bichi ndivyo utomvu wake unavyokuwa na nguvu. Papai nusu bivu lisikae na jibini lolote. Lililoiva kabisa liunganishe wageni wakiwa wameshaketi. Embe, tufaha, zabibu na tikiti maji hayatakusumbua kwa namna hii.

"Panga mapema ili upumzike"

Hata bila nanasi, kupanga sinia asubuhi ni kosa. Kinachoweza kufanywa mapema ni kukata jibini na kulihifadhi peke yake kwenye chombo chenye mfuniko, kumenya matunda na kuyaweka kwenye chombo kingine, na kukaanga nanasi. Kuunganisha kunasubiri dakika 30 za mwisho. Watu wawili wanaweza kuchoma vijiti 100 ndani ya muda huo bila kukimbizana.

Tunda lililokatwa linatoka maji. Liweke kwenye chujio dakika 10, kisha lifute. Usiporuka hatua hiyo, sinia haitakuwa na dimbwi chini na jibini halitakuwa na utelezi. Tikiti maji ndilo sugu zaidi, hasa likikutana na jibini la chumvi kama feta: chumvi inavuta maji, na baada ya robo saa una supu ya waridi. Liunganishe la mwisho, na lipelekwe mezani moja kwa moja.

"Jibini litoke frijini hadi mdomoni"

Jibini la baridi kali halina harufu na linakatika vibaya mdomoni. Vitabu vya nchi za baridi vinasema litolewe saa moja kabla. Hapa Tabora, mwezi wa Oktoba jua likiwa limesimama, dakika 15 zinatosha. Zaidi ya hapo linaanza kutokwa jasho la mafuta. Na sinia isikae mezani zaidi ya saa 2, au saa 1 tu kama mko nje chini ya turubai na joto limepita nyuzi 32. Leta sinia mbili ndogo kwa zamu. Sinia moja kubwa ya kupigia picha inaishia kuwa chakula cha nzi.

"Maziwa na matunda ni sumu tumboni"

Hofu ni kwamba tunda chachu litagandisha maziwa tumboni. Maziwa yoyote unayokunywa yanaganda tumboni, asidi iliyomo humo ni kali kuliko ya embe au chungwa, na ndivyo yanavyomeng'enywa. Jibini limeshagandishwa kabla hujalitia mdomoni. Anayesumbuliwa na gesi akinywa maziwa mara nyingi hulivumilia jibini lililokomaa, kwa kuwa sukari ya maziwa imebaki kidogo sana. Hatari ya kweli iko kwingine: maziwa ambayo hayajachemshwa, yanayoweza kubeba vijidudu vya brusela na vya kifua kikuu cha ng'ombe. Hofu yote iliyopo kuhusu embe ingehamishiwa huko, watu wangekuwa salama zaidi.

"Bila zabibu na tufaha za nje si kitafunwa cha wageni"

Dhana hii inaumiza mfuko bila sababu. Mkoa huu una embe na una asali, na viwili hivyo na jibini la chumvi ni mlo wa kumwekea mgeni yeyote. Kuanzia Novemba tafuta dodo au bolibo ambalo linabonyea kidogo karibu na kikonyo na bado limekaza tumboni. Sindano ni tamu lakini ina nyuzi, inafaa juisi. Embe lililoiva sana halikai kwenye kijiti. Kata vipande vya sentimita 2, jibini vivyo hivyo. Kilo 1 ya jibini gumu inatoa vipande takriban 100, yaani wageni 20 kwa vijiti vitano kila mmoja, na kwa idadi hiyo unahitaji kilo 2 za tunda lililokwisha menywa. Nanasi hupoteza karibu nusu ya uzito wake kwa maganda na moyo, kwa hiyo nunua ukijua hilo.

Tufaha ukilitaka, lipitishe dakika 3 kwenye vikombe viwili vya maji yenye kijiko kimoja cha chakula cha limao lisigeuke kahawia. Ndizi iache, inalegea na kuwa nyeusi kabla wageni hawajanawa.

Na asali kuganda si dalili kwamba imechakachuliwa. Kuganda ni tabia yake, glukosi inajitenga na kuwa chembe. Weka chupa kwenye maji ya vuguvugu ambayo mkono unayavumilia, itarudi. Kwa vijiti tumia ya nyuki wakubwa, ni nzito. Ya nyuki wadogo ni nyepesi na chachu, inakimbilia chini ya sinia. Dondosha mwisho kabisa, kwa sababu asali nayo inavuta maji. Mtoto asiyetimiza mwaka mmoja asipewe kijiti chenye asali.

"La nyumbani si jibini"

Ni jibini, na kwa aliye mbali na duka lenye friji ya kuaminika ndilo bora zaidi. Chemsha lita 3 za maziwa halisi ya ng'ombe mpaka yapande, epua, kisha mimina polepole vijiko 6 vya chakula vya maji ya limao vilivyochanganywa na maji kiasi hicho hicho, ukikoroga taratibu. Acha kumimina maji yakijitenga na kuwa ya kijani hafifu. Yakiwa bado meupe, ongeza kijiko. Subiri dakika 10, chuja kwa kitambaa safi, suuza kwa maji safi yaliyochemshwa na kupoozwa, tia kijiko kimoja cha chai cha chumvi, funga na ukandamize chini ya sufuria yenye maji ya kilo 2 kwa saa moja na nusu. Litoe, liweke frijini mpaka likaze, ndipo ukate. Utapata kama nusu kilo. Ukipata kidogo zaidi, muulize muuza maziwa kuhusu maji. Likiwa chembechembe lisiloshikana, ulikoroga kwa nguvu au ulizidisha limao.

Jibini hili haliyeyuki kwenye moto, kwa hiyo vipande vyake unaweza kuvigeuza kwenye kikaangio kile kile ulichokaangia nanasi mpaka viwe na ngozi ya kahawia. Vinashika kijiti vizuri kuliko mozzarella. Vilaze na embe, tone la asali, na pilipili manga iliyosagwa papo hapo. Vikibaki, vimalize ndani ya siku mbili.