Filamu "iliyoteuliwa Oscar" imeteuliwa na nani?

Kwenye saluni ninayonyoa pale Mafiati, Mbeya, kuna runinga moja na ubishi usioisha. Kawaida ni Simba na Yanga. Siku hiyo ubishi ukahamia kwenye filamu: kijana mmoja aliyekuwa anasubiri zamu alisema Tanzania iliwahi kuteuliwa Oscar kwa Vuta N'kuvute. Kinyozi akasimamisha mashine.

"Mdogo wangu, ingeteuliwa tungeiona siku ile ya sherehe. Haikuteuliwa."

"Iliteuliwa, kaka. Mwaka 2022. Ilitangazwa kabisa."

Wote wawili walikuwa sahihi. Kilichowagombanisha ni kitenzi. Kiswahili chetu cha habari kinatumia "kuteuliwa" kwa hatua mbili zilizoachana kama Tunduma na Dar es Salaam. Katika hatua ya kwanza, kamati ya hapa nyumbani inachagua filamu moja iende kuiwakilisha nchi. Katika ile ya mbali, Akademi ya Sanaa na Sayansi za Filamu ya Marekani, ambayo ndiyo yenye Oscar, inachagua filamu tano zitakazoshindania sanamu. Vuta N'kuvute ilipita mlango wa kwanza. Wa pili haikupita. Ningekuwa mhariri, ningeandika "kuwasilishwa" kwa hatua ya kwanza, na "kuteuliwa" ningeliweka akiba kwa zile tano.

Tuzo yenyewe leo inaitwa Filamu Bora ya Kimataifa, na ina desturi moja ya kipekee: mtengeneza filamu hajipeleki mwenyewe. Nchi ndiyo inayompeleka, na kila nchi ina nafasi moja tu kwa mwaka. Aliyewahi kucheza UMISSETA, ile michezo ya shule za sekondari, hahitaji maelezo marefu. Shule yako inaweza kuwa na timu kali, na ya jirani vilevile, lakini mkoa unakwenda taifani na timu moja, na kuna watu walikaa kikao wakaamua nani avae jezi. India, inayotengeneza filamu kwa mamia kila mwaka, inapeleka moja. Bhutan, nchi ndogo iliyobanwa milimani, nayo inapeleka moja.

Bhutan naitaja kwa sababu. Wana filamu iitwayo Lunana: A Yak in the Classroom, inayomhusu mwalimu kijana wa mjini aliyepangiwa shule ya mbali kabisa kwenye milima ya Himalaya, mahali pa kufika kwa miguu, baridi kali, umeme wa kubahatisha. (Uliyewahi kumwona mwalimu mpya akisoma barua ya kupangiwa Makete, mwezi wa sita, koti lenyewe hana, hadithi nusu umeshaipata.) Bhutan iliiwasilisha mwaka 2020 ikakataliwa. Ubora wake haukuwa na neno. Tatizo lilikuwa kwamba nchi haikuwa na kamati ya uteuzi inayotambuliwa na Akademi. Wakaunda kamati, wakaiwasilisha tena mwaka uliofuata, na filamu ileile ikaingia tano bora.

Hapo ndipo unaona uzito wa kamati. Si ofisi ya kugonga muhuri tu. Akademi lazima iikubali, na inataka ndani yake wawemo watengenezaji wa filamu wenyewe. Nchi isiyo na kamati haina mlango, hata kama ina filamu nzuri kabatini. Tanzania iliwasilisha filamu kwa mara ya kwanza mwaka 2001: Maangamizi: The Ancient One, ya Martin Mhando na Ron Mulvihill. Ya pili ndiyo hiyo Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi ambayo wengi tuliijua kidato cha tano na sita. Kati ya hizo mbili ipo miaka 21. Katika miaka hiyo Bongo Movie ilikua, ikauza kanda na sidii mpaka vijiji vya Ileje, lakini kwenye bahasha ya kwenda Marekani hatukutia kitu. Majirani zetu Wakenya walianza mwaka 2012 kwa Nairobi Half Life ya Tosh Gitonga, na tangu hapo wamekuwa wakipeleka mara kwa mara. Tano bora ya kipengele hiki hawajaifikia, kama sisi, lakini angalau wamezoea njia.

Sasa lile jina la zamani. Ukimwambia kijana wa kujaza flashi pale Mwanjelwa akuwekee "filamu ya kigeni", atakuuliza: ya Kikorea, ya Kihindi au ya Wazungu? Kule Los Angeles swali lina jibu moja. Ya kigeni ni ile isiyozungumza Kiingereza. Tuzo ya ushindani ilipoanza, kwa filamu za mwaka 1956, ikachukuliwa na La Strada ya Federico Fellini kutoka Italia, na kwa miongo mingi ikaitwa Filamu Bora ya Lugha ya Kigeni. Mwezi Aprili 2019 Akademi ikaliondoa neno "kigeni" kwa maelezo kwamba limepitwa na wakati.

Walibadilisha ubao wa dukani, bidhaa wakaziacha zilezile. Mpaka leo filamu inatakiwa izidi dakika 40, iwe imetengenezwa nje ya Marekani, na zaidi ya nusu ya maongezi yake yasiwe ya Kiingereza. Mwaka huohuo wa jina jipya, Nigeria ilikuwa inawasilisha filamu kwa mara ya kwanza katika historia yake: Lionheart ya Genevieve Nnaji. Ikaondolewa. Ndani yake Kiigbo kilichukua takribani dakika 11 tu, kwingine kote ni Kiingereza. Wanigeria walilalamika, na kwa haki kabisa: Kiingereza hawakukiomba, waliletewa na ukoloni, na leo ndicho kinachomkutanisha Mwigbo na Myoruba ofisini. Kanuni ikabaki kanuni.

Kwetu Nyanda za Juu Kusini mambo ni kinyume, na hapa nakiri kwamba kanuni hii isiyo na huruma inatupendelea. Filamu ya Kiswahili inapita bila swali. Ya Kinyakyusa inapita. Ya Kisafwa, Kihehe, Kibena, Kikinga, zote zinapita, maana kanuni haiulizi lugha ina wasemaji wangapi. Chukua mfano wa Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani. Mtu akitengeneza filamu kuanzia vita vya Lugalo vya mwaka 1891 hadi fuvu lake liliporudishwa Kalenga mwaka 1954, Wahehe watasema Kihehe na askari watasema Kijerumani. Mkwawa hakupigana na Waingereza, kwa hiyo mwandishi wa filamu halazimiki kupima dakika. Tabu itamwanza kwenye sehemu ya mwisho tu, gavana wa Kiingereza akishika fuvu na kuanza hotuba.

Lakini lugha peke yake haitoshi kuifanya filamu iwe ya nchi. Kampuni ya nje ikija Kalenga na kamera zake, mwongozaji wake, fedha zake na maamuzi yake, ikaajiri vijana wa Iringa waigize, Tanzania haiwezi kuiwasilisha kama yake kwa sababu tu mandhari ni yetu. Nchi inayowasilisha lazima ithibitishe kwamba sehemu kubwa ya uamuzi wa kisanaa ilikuwa mikononi mwa raia au wakaazi wake.

Zamani walikuwa wakali zaidi: filamu ilitakiwa iwe katika lugha ya nchi inayoiwasilisha. Italia ilikataliwa filamu yake Private mwaka 2005 kwa sababu wahusika wake walizungumza Kiarabu, Kiebrania na Kiingereza. Mwaka uliofuata kanuni ikalegezwa, na Kanada ikaingia tano bora kwa Water ya Deepa Mehta, filamu ya Kihindi. Kilele chake nakiona mwaka 2024, Uingereza yenyewe iliposhinda tuzo hii kwa The Zone of Interest, ambayo wahusika wake wanazungumza Kijerumani. Waingereza kushinda tuzo ya filamu zisizo za Kiingereza! Kinyozi wangu aligoma kuamini mpaka nikamwonyesha kwenye simu.

Ulegevu huo ndio unaoifanya hesabu ya Afrika iwe ya kuangaliwa mara mbili. Bara letu limeshinda mara tatu: Algeria kwa Z, Ivory Coast kwa Black and White in Color, na Afrika Kusini kwa Tsotsi mwaka 2006. Mbili za mwanzo ziliongozwa na Costa-Gavras na Jean-Jacques Annaud, mmoja Mfaransa mzaliwa wa Ugiriki, mwingine Mfaransa, na zote zinaongea Kifaransa. Kinachoandikwa kwenye daftari la ushindi ni nchi. Hata Fellini, aliyeshinda mara nne, ushindi wake unahesabiwa kuwa wa Italia, na ni tangu 2014 tu ndipo jina la mwongozaji linachongwa kwenye sanamu pamoja na la nchi.

Na Kiswahili je? Kimewahi kufika tano bora ya Oscar, ila kwa mlango mwingine. Watu Wote, filamu fupi kuhusu abiria wa basi wanaoshambuliwa nchini Kenya, iliteuliwa mwaka 2018 katika kipengele cha filamu fupi. Ilitengenezwa na wanafunzi wa Ujerumani.

Baada ya kamati ya nyumbani kumaliza kazi, safari inakuwa hivi. Nchi zinazowasilisha hufika themanini, tisini. Wapiga kura wa Akademi wanaojitolea kwa kazi hiyo hugawiwa filamu za kutazama, wanazichuja zibaki 15, kisha tano, kisha moja. Filamu lazima iwe na tafsiri ya Kiingereza chini ya picha, na hapa ndipo namwonea huruma atakayetafsiri ya Kinyakyusa. Salamu ya "Ugonile" utaiandikaje? Neno kwa neno ni kama "umelala?", na mtazamaji wa Los Angeles atabaki anajiuliza kwa nini watu hawa kila wakikutana njiani wanaulizana habari za usingizi.

Kikwazo kinachowaangusha wengi wetu mapema, hata kabla ya kamati kukaa, ni ukumbi. Filamu inatakiwa ianze maisha yake kwenye jumba la sinema la biashara nje ya Marekani, watu wakilipa kiingilio, siku 7 mfululizo. Kibanda umiza kina kiingilio, kina watazamaji wengi kuliko majumba mengine yenye viti vya sponji, na siku saba kinazimudu. Ila Akademi inadai mitambo ya kiwango cha sinema, na runinga iliyofungwa kwenye sabufa haimo. Kibaya zaidi, filamu iliyoonyeshwa kwanza kwenye televisheni au mtandaoni imejitoa yenyewe. Hakuna kukata rufaa.

Hayo nilikuwa nayaeleza kichwa kikiwa nusu kimenyolewa. Kijana alisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo kaka, ya Kinyakyusa inaruhusiwa?"

"Inaruhusiwa."

"Kuna jamaa yangu Tukuyu ametengeneza moja. Saa moja na nusu, Kinyakyusa mwanzo mwisho, hamna hata 'hello' ndani."

Kinyozi akageuka, kwa mara ya kwanza siku hiyo akiwa upande wake. "Sasa si aipeleke? Iko wapi?"

"Iko YouTube. Tangu Pasaka."

Kinyozi akanitazama kwenye kioo, kisha akawasha mashine.