Dini ya Ubinadamu ya Auguste Comte: yanayosemwa barazani na yaliyo kweli

Mwanafunzi wa sosholojia chuoni Tabora hukutana na jina la Auguste Comte katika wiki za mwanzo za masomo, huambiwa kuwa ndiye aliyeipa taaluma hiyo jina lake, kisha mhadhara husonga mbele. Linaloachwa mara nyingi ni kwamba Mfaransa huyo, aliyezaliwa Montpellier mwaka 1798, alimaliza maisha yake akijiita Kuhani Mkuu wa dini aliyoitunga mwenyewe, Dini ya Ubinadamu, ambamo elimu, ushairi, sheria na ufundi wa vizazi vilivyotangulia vinashika mahali ambapo kwa Mkristo na Mwislamu ni pa Mungu. Habari hiyo ikitoka chuoni na kufika kwenye baraza la kahawa, hufika na chumvi nyingi.

“Hao wanamwabudu mtu”

Si mtu mmoja, na wala si watu wote. Alichokiita Comte Nafsi Kuu ni jumla ya waliokwisha kufa, walio hai na watakaozaliwa, na katika jumla hiyo waliokufa ndio wengi na ndio wenye nguvu, kwa kuwa kila tunachokijua, kuanzia hesabu hadi namna ya kusaga nafaka, tumekipokea kutoka kwao. Alifundisha kwamba walio hai hutawaliwa na wafu, na kwamba jambo hilo huongezeka kadiri karne zinavyopita. Mungu wake, kama neno hilo linafaa, ni urithi.

Lakini urithi una warithi na wasiorithi. Mtu aliyeishi kwa kula jasho la wenzake bila kuongeza chochote hahesabiwi kuwa sehemu ya Ubinadamu, ilhali wanyama wanaomsaidia binadamu katika kazi zake, kama farasi, mbwa na ng'ombe, wanahesabiwa. Mfugaji wa Igunga au Nzega huenda akalipokea hilo kwa urahisi kuliko walivyolipokea wasomi wa Paris. Miaka 7 baada ya kifo, makuhani walipaswa kukaa na kuyapima maisha ya marehemu, na akionekana amestahili, mabaki yake yahamishiwe kwenye kichaka kitakatifu kinachozunguka hekalu. Hiyo ndiyo sakramenti ya 9 na ya mwisho. Nyingine kadhaa hufuata umri: miaka 14 kuanza masomo ya hadharani, 21 kukubaliwa katika utumishi, 28 kukabidhiwa kazi ya maisha, 42 utu uzima kamili, 63 kustaafu.

“Ni ukafiri uliovalishwa joho”

Comte hakumwamini Mungu wa mitume, hilo halina ubishi. Hata hivyo aliwakosoa pia waliokana Mungu, akisema kwamba nao wamekwama kwenye swali lile lile lisiloweza kujibiwa, badala ya kuliacha. Zaidi ya hapo, hakutaka watu waishi bila ibada. Yeye mwenyewe alisali kila siku mbele ya kiti alichozoea kukalia Clotilde de Vaux, mwanamke aliyempenda na aliyefariki mwaka 1846, na sala hiyo haikuwa ya kuomba kitu bali ya kumimina shukrani na upendo. Mahekalu yalitakiwa yaelekee Paris, jambo ambalo Mwislamu wa mtaa wa Gongoni, Tabora, hahitaji kufafanuliwa. Mwanasayansi Mwingereza Thomas Huxley aliidhihaki dini hii kuwa ni Ukatoliki uliotolewa Ukristo ndani yake, na nionavyo mimi, dhihaka hiyo inaieleza vizuri zaidi kuliko neno ukafiri.

Ushahidi mkubwa ni kalenda aliyoitoa mwaka 1849. Ina miezi 13 yenye siku 28 kila mmoja, na siku inayobaki ni sikukuu ya wafu wote. Kila mwezi una jina la mtu: wa kwanza ni wa Musa, wa pili wa Homer, halafu Aristotle, Archimedes, na kuendelea hadi Gutenberg, Shakespeare, Descartes na mwishowe Bichat, tabibu Mfaransa. Kila siku nayo ina mtu wake. Katika mwezi wa Musa, Buddha, Confucius na Muhammad kila mmoja amepewa Jumapili yake. Mtakatifu Paulo amepewa mwezi mzima. Yesu hayumo kabisa. Martin Luther hayumo, wala Napoleon. Baraza lolote la Tabora lingekesha kwa orodha hiyo, na lingekuwa na haki ya kuuliza aliyempa Comte mamlaka ya kuchagua nani ni nuru na nani si nuru. Afrika na wana wake hawakusahaulika moja kwa moja, kwa kuwa Agostino, mzaliwa wa nchi ambayo leo ni Algeria, anaongoza wiki moja katika mwezi wa Paulo, naye Toussaint Louverture, mtu mweusi aliyeongoza uasi wa watumwa wa Haiti, ametajwa katika mwezi wa watawala, uitwao wa Frederick, ingawa kama naibu wa Bolívar, mkombozi wa Amerika Kusini, wa kukumbukwa katika miaka mirefu (yenye siku 366) tu.

“Wana mambo ya siri, kama Freemason”

Hapana. Katekisimu yake, yaani kitabu cha mafundisho ya dini hiyo, ilichapishwa mwaka 1852, ikiwa ni mazungumzo kati ya mwanamke na kuhani, na ilikusudiwa hasa wanawake na wafanyakazi waisome.

“Ni mizimu ile ile ya wazee wetu”

Dhana hii ndiyo yenye uzito, na aliyeitoa hakukosea kila kitu. Mnyamwezi anayetambika kwa pombe ya mtama mbele ya kibanda cha wahenga na mfuasi wa Comte anayeadhimisha siku ya Archimedes wanakubaliana kwamba wafu hawajaondoka na kwamba aliye hai anadaiwa. Tofauti inaanza ukiuliza kama mfu anasikia. Katika tambiko anasikia, anaweza kukasirika, anaweza kumwondolea mjukuu homa au kuizuia mvua, na ndiyo maana anaitwa kwa jina na kupewa kinywaji. Kwa Comte, mfu hasikii neno. Anaishi ndani ya fikra na vitendo vya waliobaki, na wakimsahau, amekwisha. Pia wahenga ni wa ukoo, na ukoo hauwachagui kwa mtihani wa manufaa kwa dunia nzima. Babu mkorofi naye hutambikiwa, pengine kuliko wengine, ili atulie.

Comte aliuona ufanano huu. Katika vitabu vyake vya mwisho alizisifu imani zinazoona mto, mlima na jiwe kuwa na uhai, akadai ziko karibu na dini yake kuliko imani ya Mungu mmoja, na akaitaka Dunia yenyewe iheshimiwe kwa namna hiyo. Sifa hiyo isitulevye. Mtu huyo huyo aliwagawa wanadamu kwa rangi, akawapa weupe akili, wa Asia ya Mashariki utendaji, na weusi hisia za moyo. Alifariki Paris Septemba 1857, wakati wasafiri Waingereza Burton na Speke wakiwa njiani kutoka pwani kuelekea Kazeh, yaani Tabora ya leo, ambako wafanyabiashara Waarabu na wapagazi wa Kinyamwezi walikuwa wakiendesha misafara ya mamia ya watu hadi baharini. Kazi ya namna hiyo haifanywi kwa hisia za moyo peke yake.

“Ilikufa na mwanzilishi wake”

Huko Ulaya dini hiyo ilififia kweli, ingawa London ilikuwa na wafuasi wake na Paris bado ina kanisa dogo la mwaka 1905. Brazil ni habari nyingine. Miguel Lemos na Raimundo Teixeira Mendes walianzisha Kanisa la Kipositivisti, yaani la wafuasi wa Comte, Rio de Janeiro mwaka 1881, wakapinga utumwa, na jamhuri ilipotangazwa Novemba 1889, Teixeira Mendes ndiye aliyebuni bendera mpya ya taifa. Bendera hiyo imechorwa kwenye kuta za vinyozi wengi wa miji yetu, kwa heshima ya kandanda, na mteja anayesubiri zamu anaweza kusoma kwenye utepe mweupe unaokata duara la buluu: Ordem e Progresso, yaani Utaratibu na Maendeleo. Maneno hayo yametoka katika kauli ya Comte, ambayo nzima yake ni upendo kuwa chanzo, utaratibu kuwa msingi, na maendeleo kuwa lengo. Upendo, ambao Comte aliutanguliza na kuujengea ibada nzima, haukupata nafasi kwenye utepe.