Yule bibi wa filamu za Kihindi anaitwa Zohra Sehgal

Kama umekulia kwenye mabanda umiza, au nyumbani kwenu kulikuwa na mtu haambiliki kwa filamu za Kihindi, basi sura ya Zohra Sehgal unaijua hata kama jina hulijui. Yule bibi kimo kifupi, macho yanacheka, mdomo haukai. Mimi nafundisha uigizaji na wanafunzi wangu karibu wote wanataka kuwa steringi, kwa hiyo huwa nawawekea Veer-Zaara ya 2004 nawaambia leo Shah Rukh muacheni, mwangalieni Bebe, ndo Zohra huyo.

Bebe ni mama mzee wa Kisikh (Singasinga) anayeishi Pakistan, ndo aliyemlea Zaara, binti wa Kipakistani ambaye ndo steringi wa kike. Anaonekana kidogo tu halafu anafariki, ila kabla hajafariki anaomba majivu yake yapelekwe India, Zaara anavuka mpaka kutimiza wosia, basi linapinduka njiani, Veer (ndo Shah Rukh), rubani wa jeshi la India, anakuja kumuokoa, na hapo ndo yanaanza mapenzi, jela, mahakama na machozi yote yale mnayoyajua. Sasa kama huyo bibi hujampenda ndani ya zile dakika chache, safari ya Zaara unaiona ya kipuuzi, na filamu ya zaidi ya masaa matatu imeshakufa mapema. Huo mzigo kabebeshwa mama wa miaka 92!

Watu wanasema ana kipaji cha kuzaliwa. Sawa, lakini huyu alisota jamani. Kazaliwa 1912 India kwenye familia ya Kiislamu, mwanzoni mwa miaka ya 30 akaenda Ujerumani, Dresden, kwenye shule ya mcheza dansi wa Kijerumani Mary Wigman, akasomea dansi. 1935 akaingia kundi la mcheza dansi wa Kihindi Uday Shankar wakazunguka nalo Japani, Misri, Ulaya, Marekani. Halafu 1945 akajiunga na Prithvi Theatre, kundi la maigizo la muigizaji Prithviraj Kapoor (baba yake Raj Kapoor) akakaa miaka 14, wanazunguka miji ya India na maigizo yao, onyesho likiisha bosi mwenyewe anasimama mlangoni na kitambaa kukusanya michango. Jukwaani hakuna klozapu (kamera kukusogelea usoni) ya kukuokoa, mtu wa siti ya nyuma kabisa lazima akuelewe kwa sauti na mwili. Ndo maana ukimtazama uzeeni, kichwa kinageuka kwanza, kimya kidogo, ndo neno linatoka. Yule ni mcheza dansi anahesabu mapigo.

Sinema aliigiza toka zamani, Neecha Nagar ya 1946 ilipata tuzo Cannes, lakini umaarufu ulichelewa mno. 1962 akahamia London, mjane tayari, akawa anapata vinafasi vidogo vya tv, mpaka 1984 tamthilia ya tv ya Uingereza, The Jewel in the Crown, ilipomtoa, kashapita 70. Hapa wengi wetu tungekuwa tushastaafu. Miaka ya 90 akarudi India na Bollywood ikamkuta iko tayari kwa bibi mwenye makeke: Dil Se, Hum Dil De Chuke Sanam, kisha Cheeni Kum ya 2007 ambapo ni mama yake Amitabh Bachchan, mtoto ana miaka 64 na mama bado anamfokea kama wa darasa la pili. Mwaka huo Zohra mwenyewe kagonga 95.

Kuna kitu kimoja kuhusu Bebe siwezi kukiacha. Zohra alikuwa na mdogo wake, Uzra Butt, muigizaji pia, walikuwa wote Prithvi, huyo baadaye akahamia Pakistan, nchi iliyojitenga na India 1947. 1993 dada hawa wawili wakakutana jukwaani Lahore kwenye igizo la Ek Thi Nani, lililotungwa kutokana na maisha yao wenyewe. Kwa hiyo alipokuja kumwigiza mzee wa Pakistan anayetaka kurudishwa India, ule mpaka hakuhitaji kusimuliwa na dairekta. Alifariki Julai 2014 akiwa na miaka 102. Ukitaka kuanza kumtazama anza na Cheeni Kum, Veer-Zaara iache wikendi maana ni ndefu.