Je, wajua kwa nini MAGAZIJUTO huwapotosha wengi kwenye kutoa?

Rahisisha 20 − 8 + 5. Wengi hujibu 7, tena bila wasiwasi, kwa sababu MAGAZIJUTO inasema Mabano, Gawanya, Zidisha, Jumlisha, Toa. JU imetangulia TO, basi wanajumlisha 8 na 5 kupata 13, kisha wanatoa 13 kwenye 20. Jibu sahihi ni 17. Hiyo 7 ingefaa kama swali lingeandikwa 20 − (8 + 5).

Kujumlisha na kutoa vina hadhi sawa. Vikikutana, hufanywa kwa kufuatana kutoka kushoto kwenda kulia: 20 − 8 = 12, halafu 12 + 5 = 17. Wanaotumia BODMAS, kifupisho cha Kiingereza cha mpangilio huu, wana mtego uleule, maana A (Addition, kujumlisha) imetangulia S (Subtraction, kutoa).

Kiini chake ni kwamba alama ya kutoa hushika namba moja tu, ile inayoifuata. Chukua salio la simu: una 20,000, unatoa 8,000, kisha unatumiwa 5,000. Tukiacha makato, una 17,000. Anayejumlisha 8 na 5 kwanza amehesabu hela iliyoingia kana kwamba imetoka. Ukihama na kila namba pamoja na alama yake, unaweza hata kupanga upya: 20 + 5 − 8, au −8 + 5 + 20, na jibu halibadiliki. Kwa hiyo kujumlisha kwanza si kosa, mradi ujumlishe 20 na 5, au −8 na 5 upate −3.

La kuvutia zaidi ni kwamba GAZI haina madhara haya. Kwenye 4 × 6 ÷ 3, ukigawanya kwanza unapata 4 × 2 = 8; ukienda kushoto kwenda kulia, 24 ÷ 3 = 8. Kama neno lenyewe lingekuwa MAGAZITOJU, kosa la 7 lisingetokea kabisa, kwa kuwa 20 − 8 ingefanywa kwanza. Hata hivyo, kutoa kukifuatana bado kunataka kuanzia kushoto: 20 − 8 − 5 ni 7, lakini anayeanza na 8 − 5 hupata 17.

Sasa swali lenye kila kitu: 30 − 2(9 − 4) + 6. Mabano kwanza, 9 − 4 = 5. Zidisha, 2 × 5 = 10. Imebaki 30 − 10 + 6, yaani 20 + 6 = 26. Ukipata 14, umejumlisha 10 na 6 kabla ya kutoa. Ukipata 146, umetoa 2 kwenye 30 kabla ya kuzidisha. Ukipata 10, ulifungua mabano ukaandika 30 − 18 − 8 + 6, ilhali −2 ikizidisha −4 hutoa +8.