Je, Wajua? Kwa Nini Lucy Asingechekesha Bila Ethel

Ukitazama *I Love Lucy*, kipindi cha vichekesho kilichoanza kurushwa na CBS nchini Marekani tarehe 15 Oktoba 1951, macho hukimbilia kwa Lucille Ball, anayeigiza Lucy. Chagua sehemu moja umfuate Vivian Vance peke yake. Ndiye Ethel Mertz, jirani wa Lucy na mke wa mwenye nyumba. Hapo ndipo utaona kazi ya mwigizaji msaidizi ilivyo ngumu.

Kwanza, jinsi kilivyorekodiwa. Kamera tatu za filamu ya milimita 35 zilifanya kazi kwa wakati mmoja, mbele ya watazamaji wapatao 300 waliokaa studioni. Ya katikati ilichukua picha pana, za pembeni zikasogelea nyuso. Katika filamu za kawaida za kamera moja, uso wa mwigizaji msaidizi hupigwa picha baadaye, kwa nafasi yake. Hapa mhariri angeweza kuuchukua uso wa Ethel sekunde yoyote, hata Lucy anapoongea. Kwa hiyo Vance alilazimika kuigiza muda wote, kwa kusikiliza, kushtuka na kusita, ingawa hana neno la kusema. Akilegea kidogo, picha hiyo haifai tena. Akikosea hatua mbili kutoka mahali alipopangiwa, anamziba mwenzake au anatoka kwenye fokasi.

Pili, kicheko. Watu walicheka kwelikweli, na hakuna aliyejua mapema watacheka kwa muda gani. Ukisema mapema, maneno yanamezwa na kelele, na mara nyingi maneno ya Ethel ndiyo yaliyobeba habari ya kisa. Yakipotea, mtazamaji wa nyumbani hajui kinachofuata. Ukichelewa, tukio linapoa. Dawa ni kuendelea na shughuli mkononi, labda kukunja nguo au kushika kikombe, na kuanza kusema kicheko kinaposhuka, kabla hakijaisha kabisa. Ujuzi huo hupatikana jukwaani, na Vance alikuwa Broadway, kwenye kumbi kubwa za maigizo za New York, tangu 1932. Aliwahi kuwa mwigizaji wa akiba wa nyota Ethel Merman katika *Anything Goes*, mchezo wa jukwaani wa nyimbo. Desi Arnaz, mume wa Lucille, na mwongozaji Marc Daniels walimwona akiigiza La Jolla, California, mwaka 1951, wakamchukua.

Tatu, na kwangu hili ndilo kubwa kuliko yote: Lucy ana mipango ya ajabu, na mpango usioelezwa kwa mtu hausikiki. Ethel ndiye anayeelezwa. Akikubali mara moja, hakuna mvutano. Akikataa kabisa, hakuna kisa. Kwa hiyo anapinga, anasita, kisha anaingia mzimamzima. Katika sehemu ya kiwanda cha chokoleti ya mwaka 1952, wote wawili wanafunga chokoleti zinazopita kwenye mkanda unaoongezwa kasi. Hofu ya Ethel, mtu wa kawaida mwenye akili zake, ndiyo inayotuaminisha kwamba mkanda umewashinda kweli. Lucy akiwa peke yake, tungedhani ni vituko vyake tu.

Mwaka 1954 Vance akawa wa kwanza kupata tuzo ya televisheni ya Emmy ya mwigizaji msaidizi wa kike. Hata hivyo hakuipenda sura aliyopewa. Alizaliwa 1909, miaka miwili tu kabla ya Lucille, lakini akavalishwa kizee na, ndani ya kipindi, kuozwa kwa mwigizaji William Frawley, aliyezaliwa 1887. Alipoombwa kurudi katika *The Lucy Show* mwaka 1962, alitaka mhusika wake aitwe Vivian na avae vizuri. Akapata: Vivian Bagley, mama aliyeachana na mumewe, jambo la nadra sana kwenye televisheni ya Marekani wakati huo.

Upande wa fedha haukumtendea haki. Lucille na Desi walikubali kupunguziwa malipo ili wamiliki filamu za kipindi, na utajiri wa marudio, yaani kipindi kurushwa tena, ulianzia hapo. Waigizaji wengine walilipwa kwa idadi ndogo tu ya marudio, kadiri mikataba ya chama chao ilivyoruhusu. Malipo ya marudio yasiyo na kikomo yalipatikana kwenye mkataba wa 1974, kwa kazi mpya. Sehemu 180 za *I Love Lucy* zilikuwa zimekamilika tangu 1957.