Sultan Abdulhamid na reli zake: tunayotumiana kwenye simu na yaliyotokea kweli

Kwenye grupu la familia yetu kuna mjomba ambaye kila Ijumaa lazima atume klipu ya Sultan Abdulhamid wa Pili, mtawala wa dola ya Waosmani (Ottoman) iliyokuwa na makao yake Istanbul, muziki wa huzuni kwa nyuma, sauti nzito, na mwisho lazima mtu alie. Juzi kati alituma moja inasema sultani alijenga reli mpaka Makka kwa sadaka tupu bila kukopa hata senti kwa Wazungu. Nikajibu kwa adabu, shikamoo mjomba, ila hiyo reli haikufika Makka. Nikaambiwa nimelishwa vitabu vya makafiri. Haya.

Kwa hiyo naandika huku. Na niseme mapema, mi huyu mzee simchukii, kakalia kiti toka 1876 mpaka 1909 na kazi yake unaikuta mpaka leo Uturuki, Syria, Jordan, Palestina. Ila stori zinazozunguka, za wanaomtukuza na za wanaomponda, nyingi zimepindishwa, alafu cha kuchekesha ni kwamba ukweli wenyewe ni mtamu kuliko klipu.

"Reli ya Hijazi ilifika Makka"

Haikufika. Hijazi ni ule ukanda wa Arabuni wenye Makka na Madina, na reli ilianzia Damascus ikaishia Madina, kama kilomita 1,300 hivi. Sultani alitangaza mradi mwaka 1900 na kazi ikaanza mwaka huohuo, 1904 reli ikawa Ma'an, 1906 Tabuk, 1907 Al-Ula, na Agosti 1908 treni ya kwanza ikaingia Madina. Mpango ulikuwa iendelee mpaka Makka, hilo kweli, ila iligota pale.

Kwa nini iligota? Watu hupenda kusema Waingereza, lakini ukiangalia pale chini wenye ugomvi nayo wa kwanza walikuwa wenyeji. Msafara wa mahujaji toka Damascus mpaka Madina ulichukua kama siku 40 kwa ngamia, na kila siku ya hizo kuna mtu anakula: mwenye ngamia, mwenye kuonyesha njia, kabila linalolipwa na serikali ili msafara upite salama. Treni inakuja inamaliza safari hiyo kwa siku tatu nne. Sasa we mwenyewe fikiria Bedui aliyerithi biashara ya kukodisha ngamia kwa babu yake anaambiwa ashangilie. Waliishambulia, wakang'oa reli, na Sharifu wa Makka, mtawala wa pale chini ya sultani, naye hakuwa na haraka ya kuona askari wa Istanbul wanamfikia mlangoni kwa siku chache badala ya miezi.

Ndo maana stesheni za kule jangwani ukiziona picha zake zinafanana na ngome ndogo, mawe mazito, madirisha membamba ya kutolea bunduki, na zimepangwa kila baada ya kilomita chache kwa sababu ya maji na ulinzi. Hata mataruma, yale yanayolazwa chini ya vyuma vya reli, kwa sehemu kubwa waliweka ya chuma badala ya mbao, mbao kwenye joto lile zinapasuka, na isitoshe kwenye nchi isiyo na kuni taruma la mbao ni chakula cha moto.

Na hapa niweke jambo ambalo sisi wa Pwani huwa hatulifikirii. Hujaji wa Unguja, Mombasa au Lamu alikuwa anapanda chombo mpaka Jeddah, na kutoka Jeddah kwenda Makka ni ngamia kama kawaida. Reli ya Damascus haikumsogeza hata hatua moja. Waislamu wa India waliochanga hela nyingi tu nao ilikuwa hivyohivyo, walichangia treni ambayo wengi wao hawakuwa na njia ya kuipanda.

"Ilijengwa kwa sadaka tupu, Mzungu hakugusa"

Hii ina ukweli ndani yake, ndo maana inadumu. Michango ilikuja kweli, kutoka India, Misri, kila mahali, sultani mwenyewe akafungua kwa lira 50,000, na waliochangia walipewa medali, kuna za nikeli, za fedha na za dhahabu kulingana na ulichotoa. (Kwa hiyo mambo ya kutangaza majina ya waliochangia harambee hayajaanza kwetu.) Lakini michango ya hiari ilifika kama theluthi moja ya gharama. Zilizobaki? Wafanyakazi wa serikali walikatwa mishahara, ziliwekwa stempu maalumu kwenye karatasi za serikali, ngozi za wanyama wa udhia zikakusanywa zikauzwa, na Benki ya Kilimo ikakamuliwa mkopo. Ngozi ya mbuzi wa Idi inageuka chuma cha reli, hilo mi nalipenda kuliko klipu zote za mjomba.

Kuhusu Mzungu, injinia mkuu alikuwa Mjerumani, Heinrich August Meissner, walimpa na cheo cha pasha. Vyuma na injini vilitoka Ujerumani, Ubelgiji, hata Marekani. Kipande cha kusini ya Al-Ula ndo walifanya mainjinia Waislamu peke yao kwa sababu ya utukufu wa ardhi ile, na walifanya vizuri. Vibarua wengi walikuwa askari wa jeshi, maelfu yao, kwenye jua, na kipindupindu kikipita.

Ila tumpe haki yake: hii ilikuwa reli ambayo haikuwekwa rehani kwa benki ya Ulaya. Na ili uelewe kwa nini hilo ni jambo kubwa inabidi uone zile nyingine.

"Alilipa madeni yote ya dola"

Hapana jamani. Dola ilikwama kulipa mwaka 1875, yaani yeye alirithi nyumba ambayo mdai kashakaa sebuleni. Desemba 1881 akakubali kuundwe taasisi ya madeni, Düyun-u Umumiye, inayosimamiwa na wawakilishi wa wadai wa Ulaya, nayo ikapewa kukusanya yenyewe mapato ya chumvi, tumbaku, stempu, pombe, samaki na hariri. Siyo kwamba serikali inakusanya inawapelekea, hapana, wanakusanya wao. Kwa kufanya hivyo deni lilipunguzwa sana, hilo ni kweli na ni dili ambalo si kila mtu angelipata, lakini kukopa hakukuisha. Deni la Waosmani lilimalizwa kulipwa na Jamhuri ya Uturuki mwaka 1954. Jengo la ile taasisi lipo mpaka leo Istanbul, ni shule ya sekondari.

Sasa reli za Anatolia, yaani upande wa Asia wa Uturuki, zilijengwa juu ya hali hiyo. Mwaka 1888 kundi la Deutsche Bank lilipewa kibali cha kutoa reli İzmit kwenda Ankara, treni ikafika Ankara 1892 na tawi la Konya likaisha 1896. Mfumo uliotumika ni dhamana ya kilomita, na nitaueleza kwa lugha ya daladala: tajiri analeta gari, serikali inamwambia kila kilomita ya njia hii kwa mwaka itakuletea hesabu ya, tuseme, faranga 15,000, ikipungua namimi najazia. Na ili asidanganywe, ushuru wa mazao wa wilaya reli inapopita unawekwa dhamana na wanaoukusanya ni haohao watu wa taasisi ya madeni. Kwa hiyo mkulima wa Eskişehir analima ngano, anatozwa ushuru, ushuru unajazia hesabu ya treni, alafu anailipia tena nauli treni hiyohiyo ibebe ngano yake kwenda Istanbul. Unaweza kusema kanyonywa. Lakini kabla ya treni ngano yake ilikuwa inaishia mnada wa jirani kwa sababu kuibeba kwa ngamia mpaka baharini gharama yake inameza faida yote, na Istanbul ilikuwa inakula ngano ya kutoka nje. Yote mawili yalikuwa kweli kwa wakati mmoja, na mimi kila nikijaribu kuamua ni dili zuri au baya naishia kati.

Reli ya Baghdad, ile ya kuendelea toka Konya mpaka Baghdad, tuipitie tu. Mkataba ni wa 1903, watu wanaongea kama ilikuwa inatembea enzi zake. Vita ya 1914 inaanza, milima ya Taurus na Amanus bado haijatobolewa, na treni ya moja kwa moja mpaka Baghdad ilikuja kuwezekana 1940.

"Yeye ndo alileta kila kitu"

Nilipata transiti ya siku moja Istanbul nikaenda kupanda Tünel, ile treni ya chini ya ardhi inayopanda kilima toka Karaköy. Mita 573 tu, kama dakika moja na nusu umefika, hata hujatafuta pa kukaa. Kijana aliyekuwa anatuongoza akasema kwa fahari kwamba ni kazi ya Abdulhamid. Siyo. Ilifunguliwa Januari 1875 wakati wa Sultan Abdulaziz, baba yake mdogo, aliyeichimba ni injinia wa Kifaransa Eugène-Henri Gavand, na mwanzoni behewa moja lilikuwa la watu na lingine la mizigo na wanyama. Abdulaziz huyohuyo ndo aliruhusu reli ya Ulaya ipasue bustani za kasri la Topkapı.

Vivyo hivyo telegrafu, iliingia 1855 wakati wa vita ya Crimea. Reli ya İzmir kwenda Aydın, 1866. Mfereji wa Suez 1869. Na ile njia ya treni chini ya bahari ya Bosphorus wanayosema "aliianza yeye", alichokuwa nacho ni michoro ya 1902 ya mainjinia watatu Wamarekani, na hata wazo lenyewe lilishachorwa 1860. Marmaray inayotembea leo imefunguliwa 2013.

Ya kwake kweli ni kutandaza. Telegrafu aliikuta, akaivuta mpaka Hijazi. Reli aliikuta vipandevipande, akaiacha mtandao.

"Alikuwa adui wa maendeleo, alipiga marufuku umeme"

Hii ndo ya upande wa pili, na wanaoisema hujiona wasomi. Stori inasema alisikia neno "dainamo", mashine ya kuzalisha umeme, akadhani ni dainamaiti akakataa umeme. Utani mzuri huo. Kasri lake la Yıldız lilikuwa na taa za umeme, na mwaka 1907, yeye bado yuko kwenye kiti, Damascus ilipata taa za barabarani na tramu ya umeme. Kwa hiyo umeme hakuukataa.

Ila Istanbul haikupata mtambo wake mkubwa wa umeme mpaka 1914, yeye keshaondolewa. Na simu za kuongea zilijaribiwa mjini miaka ya 1880 zikazimwa, zikarudi baada ya mapinduzi ya 1908. Sasa mtu huyuhuyu anavuta waya wa telegrafu mpaka jangwani anazima simu mjini kwake, inakuwaje?

Mimi naona hivi. Telegrafu ina karani. Ujumbe unapita mkononi mwa mtu wa serikali, unaandikwa, unasomeka, na waya zote muhimu mwisho wake uko Yıldız. Liwali wa Yemen akikohoa sultani anajua kabla ya chakula cha usiku. Simu ya kuongea haina karatasi, wawili wanaongea inapotea hewani. (Kwetu neno ni mojamoja, simu, na lenyewe asili yake ni Kiajemi, waya, wazee wetu waliposema wamepigiwa simu walikuwa na maana ya telegramu. Kwa sultani hizo zilikuwa nchi mbili tofauti.) Na usisahau Julai 1905 walimtegea bomu kwenye gari la farasi nje ya msikiti, wakafa watu 26, yeye akapona kwa sababu alisimama kuongea kidogo na Sheikhul-Islam, mkuu wa maulamaa wa dola. Mtu wa hivyo alipenda waya zinazokuja kwake. Zinazopita kati ya watu na watu hazikumfurahisha hata kidogo.

"Lawrence ndo aliiua reli ya Hijazi"

Lawrence, ofisa wa Kiingereza kwenye vita ya kwanza ya dunia, aliisumbua sana 1917 na 1918, yeye na wapiganaji wa Kiarabu, ila mafundi walikuwa wanarudisha vyuma kila wakilipuliwa, na Fahreddin Pasha, kamanda wa Waosmani, aliishikilia Madina mpaka Januari 1919, vita yenyewe imeshaisha. Kilichoimaliza kusini ni mipaka mipya na kukosa mwenye kuilipia matunzo. Walijaribu kuifufua miaka ya 1960 ikaishia njiani.

"Reli na telegrafu ndo vilimlinda"

Hii sijaiona kwenye klipu, ila ndo wazo lililo chini ya zote. Julai 1908 maofisa wa jeshi kule Makedonia walitaka irudishwe katiba aliyoisimamisha yeye, na walimwambiaje? Kwa telegramu. Zilimiminika Yıldız moja juu ya nyingine mpaka akakubali. Wiki tano baadaye, tarehe 1 Septemba, reli ya Hijazi ikafunguliwa rasmi Madina, na yeye madaraka keshapokonywa.

Aprili 1909 kukawa na vurugu Istanbul, jeshi la kuja kuzituliza likatoka Salonica, mji ambao leo uko Ugiriki (Thessaloniki). Lilikuja kwa treni, likitumia ile njia ya kuunganisha Salonica na Istanbul ambayo kibali chake alikitoa yeye mwenyewe na ikakamilika 1896, sababu kubwa ikiwa ni kusafirisha askari haraka. Tarehe 27 wakamvua usultani. Usiku huohuo wakampeleka stesheni ya Sirkeci, iliyofunguliwa 1890 katika utawala wake, wakampakia na familia yake kwenye treni ya kwenda Salonica.