Hati asilia ikipotea, kesi haifi nayo

Mfanyabiashara wa Lamu anayedai fedha za mzigo wa boriti au saruji mara nyingi huliacha dai lake kabla hata ya kumwona wakili, kwa kuwa karatasi yenye saini haionekani: imeliwa na mchwa, imelowa maji ya chumvi jahazini, au ilibaki kwa mnunuzi. Huamini kwamba asiye na hati asilia hana kesi, na imani hiyo imewanufaisha wadaiwa wengi wasiostahili.

Ukweli ni kwamba Sheria ya Ushahidi ya Kenya, Sura ya 80, hutaka yaliyomo katika hati yathibitishwe kwa hati yenyewe, lakini kifungu cha 68 kinataja hali ambazo nakala hupokewa. Miongoni mwake ni pale hati ilipo mikononi mwa mpinzani naye asiitoe baada ya kupewa notisi, pale yaliyomo yalipokubaliwa naye kwa maandishi, na pale hati ilipoharibika, ilipopotea, au isipoweza kutolewa kwa wakati kwa sababu isiyotokana na uzembe wa anayeitegemea.

Wengine hudhani kusema tu "imepotea" kunatosha. Hakutoshi. Hakimu atataka kujua ni nani aliyeitunza, ilionekana wapi mara ya mwisho, na ilitafutwa vipi. Karani aliyelifungua sanduku akakuta faili limegeuka vumbi la mchwa ana uzito kuliko mwenye duka aliyesimuliwa tu. Vivyo hivyo, anayetaka kueleza kwa mdomo yaliyokuwa katika hati lazima awe aliiona kwa macho yake.

Daftari la kupokelea mzigo ndilo linalostahili kutazamwa kwa makini zaidi. Karatasi ya juu, yenye wino wa mpokeaji, huondoka na mzigo hadi Malindi, na daftarini hubaki ya chini yenye maandishi hafifu ya kaboni. Muuzaji husikitika kwamba asilia hana, ilhali iko kwa yule yule mdaiwa wake. Hapa wakili humwandikia mpinzani notisi ya kumtaka aitoe mahakamani, naye asipoitoa, mlango wa kutumia nakala hufunguka. Zipo hali ambazo sheria haidai notisi, kwa mfano mpinzani alipoipata hati kwa hila au kwa nguvu, lakini kwa maoni yangu ni hatari kuacha kutoa notisi kwa kutegemea hilo. Na ikiwa pande zote mbili zilitia saini kwa wino katika kila nakala ya mkataba, basi kila moja ni asilia.

Muhuri wa wakili juu ya fotokopi nao haugeuzi fotokopi kuwa asilia. Sababu ya kukosekana kwa asilia bado itaulizwa. Picha ya risiti iliyotumwa kwa WhatsApp hupokewa ikifuata masharti ya kifungu cha 106B, ambacho kinahusu cheti kinachoeleza jinsi rekodi ya kielektroniki ilivyopatikana na kutolewa, kwa hiyo simu yenye picha hiyo isiuzwe wala kufutwa. Kuandika hati mpya na kuitia tarehe ya zamani ili kuziba pengo ni kughushi, hata kama deni ni la kweli.

Kwa madai yasiyozidi shilingi 1,000,000, Mahakama ya Madai Madogo haifungwi kikamilifu na kanuni za ushahidi, jambo linalompa nafuu mwenye duka dogo.

Dhana yenye madhara makubwa kuliko zote ni ya kungoja hati ipatikane ndipo kesi ifunguliwe. Dai la mkataba hupitwa na wakati baada ya miaka 6, na Kanuni za Mwenendo wa Madai za 2010 huagiza hati ya madai, yaani karatasi inayofungulia kesi, iambatishwe nakala za nyaraka pamoja na maelezo ya mashahidi, hivyo mdai anaweza kufungua kesi kwa nakala aliyonayo huku karani akiendelea kupekua masanduku.